Nashuti waliobeba, sio dinosaria

Watu wakisikia nafanya filamu ya Tendaguru, kile kilima cha huku Lindi ilikochimbwa mifupa ya dinosaria, swali ni lile lile, dinosaria utamuonyesha vipi, una hela ya animesheni? Simuonyeshi. Yule ana wa kumuonyesha tayari, yuko kwenye jumba la makumbusho Berlin, walimsimamisha 1937, mita 13 na kitu kwenda juu. Mimi nawatafuta waliomfikisha kwenye meli hapa Lindi.

Maana hii habari tunaisimulia nusu. Wajerumani walichimba 1909 mpaka 1913, hiyo tunaijua, na vijiweni mjadala wa kurudishiwa mifupa au kulipwa hauishi, sawa. Lakini zile tani zaidi ya 200 za mifupa hazikupanda gari wala reli, zilibebwa kichwani na mabegani, vipande vizito vinafungwa kwenye mti watu wanashika mbele na nyuma, siku kama nne kwa mguu mpaka bandarini. Na Maji Maji ilikua imeisha miaka miwili tu nyuma, na njaa yake juu, yaani mtu kazika ndugu zake juzi leo kajitwisha mfupa wa mnyama asiyemjua anampelekea yule yule aliyempiga vita. Hapo ndo filamu yangu inapokaa.

Jina linalotajwa sana ni Boheti bin Amrani, msimamizi wa wachimbaji, 2007 wanasayansi wakampa dinosaria mmoja jina lake, Australodocus bohetii. Wengine walikua mamia. Kwenye picha za zamani nilizoziona wamesimama pembeni ya mfupa, majina hakuna, kwa hiyo nachofanya naichora picha upya kwa mkaa kwenye kitambaa, mfupa nauacha weupe mtupu, kazi yote naiweka kwenye sura na mabega, halafu narekodi mkono ukichora.

Kuna bibi huko vijijini, babu yake inasemekana alibeba. Nikamuuliza anakumbuka nini, akanambia "mjukuu wangu, hayo yalienda na wenyewe." Kisha akachukua khanga, akaisokota, akaizungushia vidole ikawa ngata, ncha akaichomeka ndani, akajitwisha ndoo imejaa akaondoka bila kuishika, shingo imenyooka, maji hata hayamwagiki. Kamera ilikua inawaka. Mwenzangu anayeediti anasema shoti ni ndefu tuikate, nimegoma, kwangu hilo ndo jibu la swali nililouliza na sijapata jingine linalolizidi.

Mvua zikikata tunatembea njia yenyewe, kutoka kilimani mpaka baharini, na ikikamilika itaonyeshwa kule kijijini kwanza, kwenye shuka jeupe, matamasha yatasubiri. Kama kwenu kuna mzee alitajwa kua alibeba, hata jina moja tu la ukoo, nitafute, nalichora.