Nilivyoiendesha timu ya chuo mwaka wa Vita vya Kagera

Mwaka 1978 nilikuwa katibu wa michezo wa chuo kimoja cha ualimu Mwanza. Sikuchaguliwa kwa sababu ya soka langu, maana nilikuwa namba mbili wa benchi. Nilichaguliwa kwa kuwa nilijua kuandika barua za kuomba vitu, na miaka ile kuomba vitu ndiyo ilikuwa kazi yenyewe.

Majeshi ya Amin yalivuka mpaka mwishoni mwa Oktoba, yakaliteka eneo lote la kaskazini ya Mto Kagera. Tarehe 2 Novemba tulimsikiliza Mwalimu redioni akisema kwamba uwezo wa kumpiga tunao, sababu tunayo na nia tunayo. Wanachuo waliokuwa wamepita mgambo wakaanza kuondoka. Kwa bahati mbaya, au niseme kwa kawaida, wenye mapafu na miguu ya kufaulu mgambo ndio hao hao waliokuwa kikosi cha kwanza. Akaenda kipa, akaenda namba tano, akaenda namba kumi wetu, ambaye mpaka leo sijaona chuo kilichokuwa na mwenzake.

Mkufunzi mmoja alisimama kwenye kikao akasema ni aibu kucheza mpira wakati wenzetu wanakufa. Sikumbeza, alikuwa na ndugu zake Kyaka. Nilimjibu kwamba kiingilio chote kitakwenda kwenye michango ya vita. Watu walikuwa wakitoa ng'ombe, mahindi na fedha, sisi tutoe tulicho nacho. Kila baada ya mechi nilikuwa napeleka fedha ofisi ya chama na kurudi na stakabadhi, kisha naibandika kwenye ubao wa matangazo. Stakabadhi zile zilinisaidia kuliko hotuba yoyote.

Watu nikawapata wapi? Mwaka wa kwanza. Kila alfajiri chuo kizima kilikimbia mchakamchaka kikimlaani Amin kwa nyimbo, nami nikawa nakimbia nyuma kabisa nikitazama nani hahemi. Ndivyo nilivyompata kipa mpya, kijana mfupi wa Ukerewe ambaye hakuwahi kukaa golini. Alidaka mpira kama mtu anayenyang'anywa chakula. Njumu hazikutosha, kwa hiyo waliozoea kucheza peku wakacheza peku. Mpira ulikuwa mmoja, na fundi viatu mmoja wa mjini aliushona mara nyingi hadi ukawa na umbo la papai. Tuliuzoea. Timu za wageni ndizo zilizotaabika.

Shida kubwa ilikuwa usafiri. Mabasi na malori, ya serikali na ya watu binafsi, yalikuwa yamechukuliwa kwenda mbele. Meli za ziwani zilipeleka askari Bukoba, hivyo vyuo vya Mkoa wa Ziwa Magharibi (jina la Kagera lilikuja baada ya vita) tukavifuta kwenye ratiba. Ikabaki reli. Nikawa nashinda stesheni nikitazama, mpaka nikaona jambo ambalo lilikuwa wazi kwa kila mtu asiye na haraka: treni za kutoka Dar es Salaam na Tabora zilifika zimejaa jeshi, lakini zikirudi kusini zilikuwa na nafasi tele. Kwenda Shinyanga kukawa rahisi. Kazi ilikuwa kurudi.

Mechi ya kwanza ya Shinyanga tulitoka sare, tukalala stesheni. Treni ya askari ilipoingia usiku, nilimwendea sajini mmoja na barua yangu yenye muhuri wa chuo. Hakuisoma. Aliuliza tu, "Mmeshinda?" Nikasema sare. Akacheka, akatuambia tupande tukae juu ya magunia, mradi tusiguse kitu. Mle ndani vijana wa rika letu walitaka kusikia mechi yote, dakika kwa dakika. Kijana wa Ukerewe akawasimulia, akijiongezea magoli aliyookoa. Tangu siku hiyo niliacha kuandika barua ndefu kwa wanajeshi.

Nyumbani tulicheza na wafanyakazi wa reli na wa bandari, mapema mchana, ili watu wafike makwao kabla ya giza, maana usiku taa zilizimwa kwa hofu ya ndege. Hofu hiyo haikuwa ya bure. Mwishoni mwa Machi 1979 ndege ya Libya, waliokuja kumsaidia Amin, ilirusha mabomu Mwanza, ikakosa shabaha na kuua swala wa watu katika Kisiwa cha Saanane. Mechi ya wiki ile niliiahirisha bila kuulizwa na mtu.

Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili. Namba tano hakurudi, alizikwa hukohuko. Kipa wetu wa zamani alirudi Julai, amekonda, mechi za mwisho zikiwa bado, akataka nafasi yake. Wengi walisema apewe, ametoka vitani. Mimi nilikataa. Kijana wa Ukerewe alikuwa ametubeba msimu mzima na hakuwa amekosea lolote, tena shukrani ya vita hailipwi kwa nafasi ya mwenzako. Nilimpa mkubwa ukocha wa makipa, akaukubali kwa kununa na hakunisemesha.

Agosti Taifa Stars wakacheza Ndola na Zambia, wakihitaji sare tu kwenda Nigeria kwenye Kombe la Afrika. Redio ilikuwa bwenini kwa yule kipa wa zamani, sikuwa na pa kwenda kwingine. Tulikuwa nyuma kwa bao moja, dakika zinakwisha, Peter Tino akasawazisha. Aliyenirukia mgongoni wa kwanza alikuwa yeye, na neno lake la kwanza kwangu tangu Julai lilikuwa kwamba yule mfupi wangu bado hajui kutokea krosi.