Vile nilifikaka kuuza mawe ya chumvi ya Katwe hapa Goma

Watu wananiulizaka kila mara hii mawe ya chumvi ya kulambisha ng'ombe natoa wapi na nafanya namna gani isiyeyuke yote ndani ya depo, basi naandika mara moja nipumuzike na maulizo.

Inatoka Katwe, kijiji kidogo kule Uganda, upande wa Kasese. Kimekaa katikati ya maziwa mbili, huku Ziwa Edward, ile tunagawana na Uganda, na huku ziwa ingine kadogo ya shimo la volkano, maji yake chumvi tupu. Watu wa Butembo na Beni wanajua ile njia tangu zamani, babu zao walikuwa wanafuata chumvi kule mbele Wazungu hawajachora mupaka, na mufalme Kabarega wa Bunyoro aliikamata ile chumvi sana juu ilikuwa utajiri wake. Mimi wa Goma nilisikia habari kwa jirani yangu, mama mumoja Munande, njo akanisindikiza. Yeye anasema kinande, luga ya kwao Butembo na Beni, wenyeji wanamujibu lukonzo, luga ya kule, wanasikilizana bila shida, bei ikashuka hata sijafungua kinywa.

Kazi ya kule si ya muchezo. Wanaume wanaingia ziwani, wanavunja mawe kule chini na vyuma, wanayapandisha ku vyelezo. Wamama wengi wako pembeni ku vidimbwi, vimetengwa na udongo na miti, kila kidimbwi iko na mwenyewe, jua linakausha maji mpaka chumvi inabaki. Maji inachoma ngozi, ukiwa na kidonda utalia, na harufu ni ya mayai yenye imeoza. Kuna pia kiwanda Wajerumani walijenga kule miaka ya 1970 kwenda 1980, ikafanya kazi kidogo tu kisha chumvi ikakula mabomba, ikafungwa, na wale wa vyelezo wakaendelea na kazi yao kama vile hakuna kitu ilipita.

Mimi nanunua mawe peke, ya vidimbwi naacha. Nanunua wakati wa kiangazi, juu mvua ikianza kazi inalala na bei inapanda. Kila jiwe navunjisha kipande na nyundo niangalie ndani: tabaka nyeupe na za kijivu zimepangana vizuri, nakamata. Nikiona matope katikati naacha, ile ni kilo za bure unalipia kamio (lori). Njia inategemea hali, mara mupaka wa Ishasha, mara wa Bunagana, mara zote imefungwa na unangoja tu.

Sasa depo. Goma tuko na mvua, na chumvi inavuta maji ata ku hewa. Nilipanga mawe ya volkano chini (hiyo hatukosi), juu yake mbao, kisha chumvi, mbali na ukuta na mbali na manjanja (mabati), juu chumvi inakula chuma vibaya. Bashi (turubai) nafunika lakini sifungi, ukifunga inatoka jasho na chini inakuwa supu. Kupeleka sokoni Virunga natumia chukudu, ile kama kinga ya mbao ya kusukuma mizigo, karibu yote ni mbao, haiogopi chumvi. Wamotari wanakataa, wanasema chumvi itakula cheni yao, na wako na haki.

Wateja ni wafugaji wa Masisi. Mwanzo hawakutaka, walizoea chumvi ya unga. Muzee mumoja akaniambia, "Mama, mimi sinunui kwa kusikia, ng'ombe njo itasema." Nikamuachia jiwe moja. Ile usiku mvua ya Masisi ikapiga, unajua ile mvua, unga wenye alimwanga ku mbao ukaenda na maji, jiwe likabaki, asubuhi ng'ombe zinalilamba kwa zamu, ndama zinasukumana. Alinipigia simu yeye mwenyewe, na shemeji yake naye, na tangu pale sitafuti wateja wa ng'ombe, wananitafuta.

Kitu moja nawakatalia wamama, na wengine wananikasirikia: hii si ya kupikia. Wanaitaka juu bei iko chini na maharage inaiva mbio, ni kweli, ndani yake kuna vitu kama magadi, njo maana ukilamba inakuwa chungu ku ulimi. Lakini haina iyode, ile inakinga rovu (uvimbe wa shingo). Huku kwetu rovu iliharibia watu shingo sana, uliza wazee wa kisiwa cha Idjwi, wanganga walikuja kuisomea kule miaka na miaka. Chumvi ya mezani ununue ile ya paketi yenye imeandikwa iyode, ya Kenya iko kila duka.

Mwenye anataka kuanza, atafute kwanza mufugaji mwenye atapokea mzigo, njo aende kununua. Na mbao za depo azipange mbele kamio haijafika, si siku ya kushusha.