Ndege iliyopotea majini

Jumapili, saa nne usiku

Nguo bado ziko kwenye beseni. Tangu asubuhi nimeshinda na GTA San Andreas, gemu lililotoka mwaka 2004, nikihangaika licheze vizuri kwenye laptopu yangu mpya. Mtoto wa dada yangu alipofika kutoka Igoma kunisalimia, alinikuta chini ya meza nakagua waya wa kipanya. Waya ulikuwa mzima. Gemu lenyewe likikutana na Windows za siku hizi, mara nyingine kipanya halikioni kabisa.

Halafu kuna kasi. Limefungwa picha zisizidi 30 kwa sekunde, na ukilifungulia liende mbio, CJ, yule mhusika unayemchezesha, anaogelea polepole kama kabeba mfuko wa saruji. Baadhi ya kasoro za gemu hili hutibiwa na SilentPatch, programu ndogo ya marekebisho ya jamaa anayejiita Silent. Nilikuwa nayo, ya miaka mingi, kwenye flashi. Nikaiweka, kipanya kikaamka, nikadhani tumemaliza.

Nilichokuwa nakitaka hasa ni Skimmer, ile ndege inayotua majini. Utotoni, kwenye banda la gemu Kirumba, Mwanza, tulilipia kwa dakika, na wenzangu walinizomea kwa kuzimalizia angani badala ya kupiga watu. Lakini ukikulia Kirumba, ukiona ndege zikishuka juu ya ziwa kuelekea uwanja wa Ilemela, lazima siku moja utamani moja isifike uwanjani, itue palepale kwenye maji.

"Anko, ndege yako haipo," mtoto akasema. Kweli, haikuwepo. Nikalazimisha itokee: CJ akarushwa juu, juu, mpaka mji ukapotea.

Nimesoma maelezo ya Silent ya mwaka 2025 kuhusu tatizo hili mara mbili. Kila chombo kwenye gemu kina mstari wake ndani ya faili liitwalo vehicles.ide, na mstari wa Skimmer umepungukiwa namba nne za mwisho, zikiwemo saizi za magurudumu. Gemu likikosa namba hizo halilalamiki. Linachukua chochote kilichobaki kwenye kumbukumbu, na kwa miaka 20 kilichobaki kilikuwa vipimo vya gari la mstari uliotangulia. Yaani Skimmer ilikuwa inavua dagaa kwa karabai ya jirani. Ilipokuja Windows 11 toleo la 24H2, kipande kile cha kumbukumbu kikaanza kuandikwa mambo mengine kabla ya Skimmer kufika, ikaokota takataka badala ya 0.7, saizi ya magurudumu ya lile gari, na hesabu zote zikapasuka. Kosa lilikuwa kwenye gemu siku zote. Jirani alizima taa tu, tena taa yake.

Nikamweleza mtoto, akacheka mpaka akakaa chini. "Ndege ya majini inadaiwa magurudumu?"

Ningeweza kushusha SilentPatch mpya, imeshalitibu hilo. Lakini bando limebaki kiduchu, na kusema kweli nilitaka kuigusa kwa mkono wangu. Nikanakili faili pembeni (jana tu nilifuta la kwangu la kazini kwa haraka hizihizi), nikafungua lile la gemu, nikaongeza mwishoni mwa mstari: -1, 0.7, 0.7, -1. Nikahifadhi. Nikawasha.

Ilikuwa inaelea gatini, inayumba kidogo, kama mtumbwi wa Mwaloni unaosubiri mzigo.

Sikuirusha mara moja. Nilikaa naitazama, mtoto ananisukuma bega. Mwishowe nikampisha kiti, nikamwambia asiitue nchi kavu, nami nikaenda kwenye beseni. Maji yalishapoa, povu limekwisha.