Toil, neno lililotoka kwenye kinu cha zeituni

Kamusi nyingi zikifika kwenye neno la Kiingereza toil huandika "kazi ngumu", zikasonga mbele. Si uongo, ila kazi ngumu ziko za aina nyingi. Mtihani wa hesabu ni mgumu, upasuaji wa moyo ni mgumu, na hakuna Mwingereza atakayeuita mmojawapo toil. Akikuta watu wamepinda migongo juani tangu alfajiri wakirudia jambo lile lile, hapo neno linamjia lenyewe. Nimetaka kuandika kuhusu tofauti hiyo, kwa kuwa historia ya neno inaieleza waziwazi.

Mwanzo wake uko shambani kwa Mrumi. Kwa Kilatini tudes ni nyundo. Kutoka hapo wakapata tudicula, yaani kinyundo, jina lililokuja kupewa chombo cha kupondea zeituni, na kitenzi tudiculare, kuponda na kuvuruga kwa chombo hicho. Columella, mwandishi wa kilimo wa karne ya 1 aliyezaliwa Gades huko Hispania, anakitaja katika kitabu chake cha 12. Anasema kinafanana na ubao wa kupuria nafaka uliosimamishwa wima, na kwamba kazi yake si mbaya, isipokuwa kinaharibika mara kwa mara, na ukizidisha zeituni kidogo tu kinakwama. Mtu aliyewahi kusimama kwenye mashine ya kusaga atamwelewa upesi.

Yeye mwenyewe alipendelea mawe ya kusagia, kwa sababu yanaweza kuinuliwa au kushushwa kulingana na ukubwa wa tunda. Lengo ni kuponda nyama bila kuvunja kokwa, maana kokwa iliyovunjika, asema, huharibu ladha ya mafuta. Wa pili kwa ubora, baada ya mawe hayo, kwake ulikuwa mtambo ulioitwa trapetum: beseni la jiwe lenye nguzo fupi katikati, na mawe mawili ya duara yanayozungushwa ndani yake kwa mti uliopita juu ya nguzo. Cato, Mrumi mwingine aliyeandika kuhusu kilimo, karne ya 2 kabla ya Kristo, anatoa vipimo vya kuufunga. Kati ya jiwe na sakafu ya beseni iachwe nafasi ya upana wa kidole kidogo, na kati ya jiwe na nguzo kidole kimoja. Jiwe likigusa beseni vyote viwili vinalika.

    

Kuponda ni hatua ya kwanza tu. Rojo huenda kwenye shinikizo, kinachotoka huachwa kitulie, kisha mafuta huchotwa juu na kutenganishwa na maji machungu, meusi, yaliyoitwa amurca. Waliochota na kuzungusha wengi wao walikuwa watumwa. Kwa shamba la mizeituni la iugera 240, kama hekta 60 hivi, Cato anataka watu 13: msimamizi, mke wa msimamizi, vibarua 5, waendesha ng'ombe wa kulima 3, mchunga punda, mchunga nguruwe na mchunga kondoo. Mwanzoni mwa kitabu chake cha kilimo anamshauri mwenye shamba auze ng'ombe waliochakaa, vyombo vikuukuu, mtumwa mzee na mtumwa mgonjwa. Wote kwenye orodha moja. Sidhani kwamba neno lililozaliwa kwenye mashamba ya namna hiyo lingeweza kukua likawa jepesi.

Kutoka Kilatini lilipita Kifaransa cha kale likawa toeillier. Mageuzi ya sauti si ya kubahatisha. Herufi d iliyokuwa kati ya irabu ilidondoka, na kundi la cl likalainika likawa sauti inayoandikwa ill. Njia hiyo hiyo ndiyo iliyofanya auricula iwe oreille, sikio, na oculus iwe œil, jicho. Anayechunguza asili ya neno aanzie hapo kabla ya kuvutwa na maana: sauti zikikataa kupita njia ambayo maneno mengine yamepita, nasaba hiyo ni ya kutiliwa shaka, hata kama hadithi yake inapendeza.

Maana nayo ikahama. Kuponda kukawa kukoroga, kukoroga kukawa kuchafua na kuburura. Kifaransa cha leo bado kina touiller, kukoroga, na ndani ya jina la mchuzi wa mboga uitwao ratatouille kitenzi hicho kimo. Kwa Wanormani waliotawala Uingereza toiler kulikuwa kuvurugana kwa maneno, kubishana. Kwa hiyo toil ilipoingia Kiingereza yapata mwaka 1300 ilimaanisha ugomvi na mabishano. Maana ya kufanya kazi kwa kutaabika ilijitokeza katika kitenzi mwishoni mwa karne ya 14, na nomino ikaifuata kwa nguvu karne ya 16.

Mara nyingi toil huambatana na moil, na wengi hudhani moil ni mwangwi tu wa kupendezesha masikio. La. Inatoka kwa Kilatini mollis, laini, kupitia kitenzi cha Kifaransa cha kulowesha, ambacho leo ni mouiller. Moil ni kulowa na kugaagaa matopeni. Mmoja anapondwa, mwenzake amelowa tope.

Tahadhari moja: ipo toil nyingine, kwa kawaida katika wingi, toils, yenye maana ya nyavu za kuwindia. Hiyo ni ukoo mbali kabisa. Imetoka kwa tela, kitambaa kilichofumwa, ambacho kwa Kifaransa ni toile. Kitambaa kidogo kilichotandikwa mezani mtu anapojipamba kiliitwa toilette, jina likahamia kwenye meza, kisha chumba, hadi likafika kwetu kama toileti. Kuunganisha nyavu hizo na kazi ya jasho kwa sababu tahajia ni moja ndiko kosa linaloharibu makala nyingi za asili ya maneno.

Linalonigusa zaidi liko kwenye Injili. Tafsiri ya Kiingereza ya 1611 inatumia toil kwa maua ya mashamba katika Mathayo 6:28, na kwa wavuvi katika Luka 5:5. Kigiriki mahali pote pawili ni kitenzi kopiao, kutoka kwa kopos, taabu, jamaa ya kopto, kupiga. Wagiriki nao, kwa njia yao wenyewe, waliiona taabu kama kipigo. Watafsiri wa Biblia yetu ya Muungano wakaandika kwamba maua "hayafanyi kazi", ila wavuvi wamefanya "kazi ya kuchosha" usiku kucha. Ya pili imefika karibu zaidi. Mimi ningethubutu kutumia suluba, neno lenye mzizi wa Kiarabu unaobeba ugumu na msalaba kwa pamoja.

Siku hizi neno limepata maana ya kiufundi. Wahandisi wa Google wanaotunza mifumo isizimike, katika kitabu chao cha 2016, wanaiita toil kazi ya kuendesha huduma ambayo hufanywa kwa mkono, hujirudia, ingeweza kuachiwa mashine, huja kwa kushtukiza badala ya kupangwa, haiachi faida ya kudumu, na huongezeka kadiri huduma inavyokua. Vikao na makaratasi ya ofisi havimo. Hizo ni gharama za kuendesha ofisi. Kusafisha mfumo mzima wa tahadhari unaopiga kelele ovyo kunachosha, lakini hakumo pia, kwa sababu ukimaliza faida inabaki. Kiwango walichojiwekea ni kwamba toil isizidi asilimia 50 ya muda wa mhandisi. Ugumu haumo kabisa katika sifa hizo. Kumfungulia mteja akaunti iliyojifunga ni dakika chache, na mtoto anaweza kufundishwa. Wateja wakiongezeka maradufu, maombi nayo yanaongezeka maradufu, na kesho asubuhi foleni ni ile ile.