Siku moja maishani mwangu: mtunza vifaa siku ya mechi, Dodoma

Saa 11:00 alfajiri

Kabla ya adhana simu iko mkononi. Mwezi wa tano timu za Marekani na Kanada ziko kwenye mtoano wa Kombe la Stanley, kombe kubwa la hoki ya barafuni, na mechi yao ya jioni huku kwetu ni usiku wa manane. Sikeshi, naamkia dakika za mwisho tu.

Majirani zangu hapa Chang'ombe hunicheka. Mtu wa Dodoma, mjini kwenye jua na vumbi, na hoki ya barafuni wapi na wapi? Aliyeniambukiza ni binamu yangu anayefanya kazi Kanada, akinitumia video. Mchezo wenyewe bado unanipita, kile kisahani cheusi kinakimbia hadi nakipoteza. Kilichoninasa ni vimbwanga vya wachezaji na vifaa vyao. Mimi ni mtunza vifaa wa timu ya daraja la chini, na vimbwanga vya wachezaji ndiyo kazi yangu, ingawa haviandikwi kwenye mkataba.

Saa 1:00 asubuhi

Raha ya Dodoma ni upepo: jezi nilizoanika jana jioni zilikauka kabla sijamaliza kula. Taabu yake ni huo huo upepo, ukisahau nguo kambani unafua upya.

Sasa kukunja. Winga wetu wa kulia anataka jezi ilazwe namba ikitazama juu. Beki wa kati anataka njumu ya kushoto itangulie, ya kulia nyuma yake, kamba zikiwa zimelegezwa na mimi, si na mtu mwingine. Kipa ndiye mwenye kitabu kizima. Glovu zake ziwe kwenye mfuko wa nailoni peke yake, taulo jeupe juu yake, na tangu nizifungie mtu asizishike.

Ukiona ni utoto, msikilize Wayne Gretzky, gwiji wa hoki wa Kanada, ambaye hakuna aliyefunga mabao mengi kama yeye enzi zake. Alikuwa akipaka poda ya watoto kwenye gongo lake kabla ya mechi. Jezi namba 99 aliichomekea upande wa kulia tu, maisha yake yote ya uchezaji. Chanzo chake ndicho kilichonichekesha: akiwa na miaka 6 alichezeshwa na watoto wa miaka 10, jezi ikamfika magotini, baba yake akaichomekea upande mmoja isimsumbue kupiga. Mtoto akakua, jezi ikamtosha, kuchomekea kukabaki. Mtunza vifaa yeyote angekwambia hivyo hivyo. Chimba mwiko wa mchezaji, mara nyingi chini yake utakuta kiatu kilichobana au jezi isiyomtosha.

Saa 4:00

Kikao cha kabla ya mechi na kamisaa. Sisi bluu, wao nyekundu, kipa wetu kijani. Dakika chache tu, naondoka.

Saa 6:30 mchana

Chakula cha timu: wali, kuku, maji. Nahodha hajanyoa tangu tuanze kushinda mfululizo, na mama anayetupikia anamtania, "Mwanangu, utatisha wakwe." Nikawaambia pale mezani kwamba kwenye hoki hilo ni jambo la kawaida kabisa. Inasemekana walioanzisha ni New York Islanders mwanzoni mwa miaka ya 1980: mtoano ukianza hakuna kunyoa hadi utolewe au ubebe kombe. Wakabeba mara nne mfululizo, kuanzia 1980 hadi 1983, na wengine wote wakafuata.

Nahodha akafurahi, akajishika kidevu. Nikamharibia kidogo: siku hizi fainali timu zote mbili zina ndevu, na moja lazima ifungwe.

"Kwa hiyo nikanyoe?"

"Usinyoe. Ukinyoa tukafungwa utaniambia mimi."

Nikamwongezea ya mchezaji mwingine wa hoki, Sidney Crosby. Kwenye ligi yao timu inayoshinda upande wake hupewa kombe kabla ya fainali kubwa, na wengi huogopa kulishika, eti ukilishika hilo dogo, kubwa halitakuja. Mwaka 2008 Crosby na Pittsburgh hawakuligusa, wakafungwa fainali na Detroit. Mwaka 2009 akalibeba mikononi mchana kweupe, wakaifunga Detroit ile ile. Nahodha akafikiri, kisha akauliza swali la maana kuliko yote niliyowahi kuulizwa juu ya mambo haya: "Na wangefungwa tena 2009, wangesema nini?"

Saa 8:30 mchana

Uwanja wa Jamhuri. Hapa ndipo siku yangu hupata moto.

Kiongozi wetu mmoja ananivuta pembeni. Mabegi ya vifaa yasipite lango kuu, kuna "kitu" wenyeji wetu wa leo wameweka. Nimezoea. Wengine huita mambo ya nje ya uwanja, wengine husema kamati ya ufundi imekaa, na kila mtu anajua hakuna ufundi wowote uliojadiliwa. Nikamjibu kwa heshima, "Mzee, kamisaa yule pale anaandika." Bodi ya Ligi imezipiga faini timu si mara moja kwa kuingia kwa mlango usio rasmi, na sisi mishahara yenyewe inakuja kwa kusukumwa. Mabegi yakapita lango kuu.

Nikisukuma toroli nilikuwa nafikiria ile sarafu ya Salt Lake City. Mashindano ya Olimpiki ya 2002, fundi wa barafu kutoka Edmonton, Trent Evans, alifukia sarafu ya dola moja ya Kanada chini ya barafu katikati ya uwanja. Wanawake wa Kanada wakachukua dhahabu, wanaume nao wakachukua, ya kwanza kwao tangu 1952. Sarafu ikafukuliwa, na leo iko kwenye jumba la kumbukumbu za hoki Toronto, watu wanaitembelea.

Sasa jaribu wewe kufukia shilingi mia katikati ya Jamhuri. Utatoka hapo na polisi.

Na sidhani tatizo ni sarafu. Kule mwiko ni mali ya mchezaji mwenyewe, anautaja kwenye televisheni na watoto wanauiga. Kwetu kila mwiko lazima uwe na mtu nyuma yake. Ukimwona kipa anamwaga maji golini, humwoni mtu anayejituliza, unamwona anayekuloga. Basi na wewe unatafuta wa kukulinda, na fedha ya kambi inaishia huko. Mimi nabeba vifaa, lakini hili naliona kila wiki, na linanikera kuliko kufua matope.

Saa 9:15

Chumba cha kubadilishia nguo. Kila kitu mahali pake, maana mchezaji akiingia akakuta njumu zimebadilishana, uso wake unabadilika kabla hajavaa. Mwalimu anaongea, mimi nahesabu vikinga ugoko.

Saa 10:00 jioni

Filimbi. Kipa wetu anagonga mlingoti wa kushoto, wa kulia, kisha anarukia mwamba. Patrick Roy, kipa wa hoki, alikuwa akiongea na milingoti yake kama wanadamu wenzake, na akiteleza kuelekea golini aliruka mistari asiikanyage. Huyo ana Kombe la Stanley mara nne, mawili na Montreal, mawili na Colorado. Nadhani makipa wote duniani ni ndugu. Mshambuliaji akikosa anarudi kujaribu tena, kipa anasimama pale anasubiri, na mtu anayesubiri mikono yake lazima itafute cha kufanya.

Taulo jeupe limetundikwa kwenye wavu. Kipindi cha pili kijana mmoja wa kuokota mipira akalinyakua, akakimbia nalo hadi nyuma ya bango. Kipa akaacha kutazama mpira, akamtazama kijana. Nikatoka benchi mbio, mwamuzi wa akiba ananifokea, nikazunguka bango. Kijana alikuwa amelikumbatia kifuani kama kitoto kichanga. Hakuwa na dawa wala hirizi, alikuwa na elfu mbili mkononi aliyopewa na mtu jukwaani. Akaniambia, "Shikamoo," akanirudishia.

Taulo lilikuwa nje dakika nne hivi, hatukufungwa. Nikalirudisha wavuni. Kona iliyofuata, kichwa, goli.

Saa 12:00 jioni

Sare, bao moja kwa moja. Tulisawazisha mwishoni kwa penalti. Nilimgeukia kipa pale chumbani.

"Taulo likiwa limeibwa hawakutufunga. Limerudi, wametufunga."

"Sasa si lilikuwa limeshashikwa, mzee?"

Nahodha, ndevu zake zote, akaangua kicheko. Kipa hakucheka. Akaomba mechi ijayo awe na mataulo mawili, moja la kuibiwa. Nikaandika kwenye daftari: mataulo mawili. Wazo si baya, na bei yake haifiki hata robo ya kamati moja.

Saa 2:30 usiku

Nyumbani, mabeseni matatu, maji ya bomba yanatoka vizuri leo. Jezi kwanza, halafu bukta, soksi mwisho kwa sababu ya udongo mwekundu. Simu inaita, winga.

"Mzee, shikamoo. Zile soksi nilizopigia penalti usizifue kwanza."

"Marahaba. Ziko kwenye sabuni tayari."

Kimya kidogo. "Zote mbili?"

"Ya kushoto bado."

"Basi hiyo iache. Nilipigia mguu wa kushoto."

Nikaitoa beseni la kusubiria, nikaitundika peke yake kwenye msumari nje ya mlango, maana ndani haiwezi kukaa kwa ile harufu.