Kisanduku changu cha elementi: tundu namba 53 limenitoa jasho

Kwanza hali ya kisanduku. Ni kile cha plastiki cha wavuvi cha kuwekea ndoana, chenye vijumba vijumba, nakusanyia humo elementi (vile vitu vya msingi vinavyounda vitu vingine vyote) kila moja na tundu lake, na sharti nililojiwekea mwenyewe ni kwamba kila elementi itoke kwenye kitu ambacho mtu wa kawaida anakishika, hamna kuagiza nje. Mpaka sasa shaba ni ya waya wa umeme, alumini ni kipande nilichookota kwa mafundi masufuria, zinki ni ganda la betri kavu na kile kijiti cheusi cha katikati ndo kaboni yangu, risasi ni chubwi ya mshipi, tungsteni ni uzi wa balbu ya zamani (nimevunja balbu mbili kabla ya kuupata mzima), neoni imo ndani ya kitaa cha testa. Dhahabu bado. Nilimuomba shangazi kipande cha hereni yake iliyokatika akaniangalia tu, nikabadilisha mazungumzo.

Alumini huwa inanichekesha kila nikiiona. Karne ya 19 ilikuwa kitu cha kifalme, Napoleon III, mtawala wa Ufaransa, alikuwa na vijiko vya alumini vya kutambia wageni, mpaka 1886 Hall wa Marekani na Héroult wa Ufaransa, kila mtu kivyake na bila kujuana, wakapata njia ya kuitoa kwa umeme na bei ikaporomoka, leo tunapikia maharage.

Haya, tundu namba 53. Iodini, maana ndo namba yake kwenye jedwali la elementi. Hii ndo ile "madini joto" iliyoandikwa kwenye pakiti ya chumvi, mtu mzima anahitaji mikrogramu 150 tu kwa siku, lakini akizikosa muda mrefu ndo rovu linatoka shingoni. Kilichonivuta ni namna ilivyogundulika. Mwaka 1811 Bernard Courtois alikuwa anatengeneza chumvi ya baruti huko Ufaransa, vita vya Napoleon yule wa kwanza vimepamba moto, majivu ya kuni yameadimika, basi wakawa wanatumia majivu ya mwani wa pwani ya Normandy na Brittany. Siku moja akazidisha asidi ya salfa kwenye yale mabaki, ukapanda mvuke wa zambarau, ulipogusa sehemu ya baridi ukageuka vipande vyeusi vinavyong'aa. Kuna hadithi kwamba ni paka wake ndo aliangusha chupa, mi siiamini lakini naipenda. Hakuwa na pesa za kuendelea na utafiti akawagawia wenzake sampuli, mkemia Mfaransa Gay-Lussac akaipa jina kutokana na neno la Kigiriki la rangi ya zambarau, Davy, mkemia Mwingereza, naye akatokea Paris 1813 wakaanza kuvutana nani kaitambua kwanza, na Courtois mwenyewe akafa maskini 1838.

Sasa mtu akisoma majivu ya mwani na ana shangazi Jambiani, unafikiri atafanya nini?

Jumamosi. Nimevuka na boti ya asubuhi. Shangazi analima mwani kama wanawake wengi wa huko, kilimo chenyewe kilishika Unguja mwishoni mwa miaka ya 1980, na mwani wao unasafirishwa nje kutolewa karajini, kile kitu kinachofanya dawa ya meno iwe nzito na aiskrimu isiwe maji. Nilipomwambia nataka fuko moja nikalichome akaweka ungo chini. "We mwana, mwani tunauza, hatuuchomi." Akanipa mabaki, yale yaliyonyeshewa yakapauka.

Nikachomea uani kwenye bati, moshi wake mzito na unanuka kama samaki aliyesahaulika, jirani kachungulia mara mbili. Majivu nikayachemsha kwenye maji, nikachuja kwa kitambaa cha tui, nikapata maji meupe tu. Mpango ulikuwa hivi: tia kitu kichachu, tia haidrojeni peroksaidi ya duka la dawa, iodini iliyojificha kwenye chumvi zake itatoka, alafu tone la uji mwepesi wa muhogo litageuka bluu. Uchachu nikatumia ndimu maana ndo ilikuwepo jikoni. Nikakamua mbili nzima.

Hamna kitu. Meupe. Nikaongeza peroksaidi, meupe. Nikaongeza ndimu, meupe vilevile. Shangazi kapita kachungulia kikombe kasema ningetia na pilipili ningepata mchuzi.

Jumapili nimerudi Dar na chupa ya yale maji na hasira. Jumatatu usiku ndo nikaamua kupima vifaa vyangu kwanza, kitu ambacho ningepaswa kufanya tangu mwanzo. Kikombe cheupe, maji, uji wa muhogo uliopoa (ukiwa wa moto rangi haitokei, hilo nililijua), alafu tone moja la iodini ya vidonda, ile ya kahawia ya duka la dawa. Papo hapo bluu nzito karibu nyeusi, kama wino. Safi, uji hauna tatizo. Nikadondosha ndimu ili iwe sawasawa na kule Jambiani, tone la kwanza bluu ikapasuka katikati, la pili ikabaki kama moshi, la tatu kikombe cheupe kabisa kama hakijawahi kuona iodini maisha yake. Nikakaa chini. Kumbe ni ile vitamini C! Inaigeuza iodini inarudi kuwa iodaidi, yaani ile hali yake ya kujificha kwenye chumvi, na iodaidi haina rangi wala haishikani na wanga. Yaani siku nzima nilikuwa naifukuza kwa mkono mmoja na kuirudisha kwa mkono mwingine.

Aisee hicho kikombe nimekirudia mara nne, nikamuita na mdogo wangu akadhani ni kiinimacho.

Jumatano. Siki nyeupe badala ya ndimu. Inakwenda polepole lakini haina vitamini C. Maji ya mwani wa shangazi: bado meupe, labda kijivu kidogo ukilazimisha macho. Hapa sikuchanganyikiwa tena, nilishasoma kwamba mwani wa kulimwa Unguja ni wa jamii nyekundu na iodini yake ni kidogo, iliyochomwa enzi za Courtois ni ile mikubwa ya kahawia ya bahari ya baridi ambayo inaivuta iodini kutoka kwenye maji na kuirundika mwilini. Hata hivyo dunia imeshaachana na habari za kuchoma mwani, iodini nyingi sa hivi inatoka kwenye madini ya jangwani Chile na maji ya chumvi ya chini ya ardhi Japani.

Lakini mwani wa kahawia hata huku upo, ule unaotupwa ufukweni wenye vijipovu kama shanga. Ijumaa jioni nikaokota, nikauanika bila kuusuuza, nikauchoma usiwe majivu meupe kabisa maana moto ukizidi iodini inaondoka na moshi. Nikachuja, siki, peroksaidi, uji. Dakika moja hamna. Dakika tatu, chini ya kikombe ukaanza utando wa buluu hafifu, rangi ya shati la skuli lililofuliwa miaka mitatu. Nilipiga kelele peke yangu. Asubuhi ilikuwa imeshafifia, na huwezi kuweka kikombe cha uji kwenye kisanduku.

Kwa hiyo cha kuweka nimekitoa kwenye iodini ya vidonda, chupa tatu, siki na peroksaidi na kusubiri mpaka unga mweusi utulie chini. Unga nikauweka kwenye kikombe cha glasi, juu nimefunika sahani yenye barafu, chini maji ya moto tu. Nilifanyia nje, upepo unatoka mgongoni, maana huo mvuke unachoma macho na kifua. Na ukapanda kweli, zambarau, mzito, unazunguka polepole ndani ya glasi, na chini ya sahani vikaota vijani vyeusi vinavyometa kama magamba. Vinajaa ncha ya kijiko. Nikavitia kwenye kichupa cha plastiki cha dawa ya macho, nikakibana kwenye tundu namba 53.

Hiyo ilikuwa wiki mbili zilizopita. Jana nimefungua kisanduku kumuonyesha rafiki yangu, kichupa kimekuwa cha kahawia chote, vijani vimebaki nusu, kifuniko kimepasuka, na shaba yangu iliyokuwa tundu la jirani, niliyoisugua kwa majivu mpaka ikang'aa, imeota ukungu mweupe-mweupe. Msumari wa chuma nao una kutu mpya. Iodini inavukia hata ikiwa imekaa tu, na plastiki haiizuii. Shaba nimeitoa nikavua waya mwingine. Iodini iko nje dirishani ndani ya chupa ya glasi ya manukato ya shangazi, yenye kizibo cha glasi, ambayo bado hajaiulizia.