Jua la saa kumi: nilivyopanga miti ya kivuli nyumbani Mamboleo

Hapa Kisumu watu wengi hupanda mti wa kivuli getini. Ndipo gari linapoegeshwa na ndipo macho ya mgeni yanapotua kwanza, basi mti unawekwa hapo, nayo nyumba inaachwa ikiokwa tangu saa nane hadi jua lizame. Mimi ni mwalimu wa jiografia, na jambo hili linaniuma, kwa sababu anayebaki ndani ya hiyo nyumba mchana kutwa ni mtoto mchanga, ni nyanya, ni mgonjwa. Mwanafunzi wa kidato cha pili angeweza kulipima kwa ufito na kuwaambia wazazi wake mti uende wapi.

Tuanze na jua lenyewe. Ikweta inapita Maseno, mwendo mfupi wa matatu kutoka hapa. Mwezi wa tatu na mwezi wa tisa, karibu na tarehe 21, jua hupita juu ya vichwa vyetu kabisa. Mwezi wa sita limeelemea kaskazini, mwezi wa kumi na mbili limeelemea kusini, na kila upande halizidi nyuzi 23 na nusu. Kwa hiyo adhuhuri linapiga mabati, si kuta. Kuta zinazoungua ni mbili tu: ya mashariki asubuhi na ya magharibi alasiri. Ile ya mashariki naweza kuivumilia, maana hewa bado ni baridi na matofali yamelala usiku kucha. Ya magharibi inapigwa wakati hewa imekwisha kuchemka, inalihifadhi lile joto, kisha inawarudishia chumbani saa tatu usiku mkitafuta usingizi. Mti ukiwa ni mmoja tu, uende magharibi.

Sasa ufito. Simamisha wa mita mbili mahali unapofikiria kupanda. Saa zetu zinafuata longitudo ya nyuzi 45 mashariki, lakini Kisumu iko karibu na nyuzi 35, kwa hiyo hapa jua hufika utosini karibu saa saba kasoro dakika ishirini. Saa tatu baadaye, yaani saa kumi kasoro ishirini, ikiwa ni mwezi wa tatu au wa tisa, kivuli cha ufito kinalingana na ufito wenyewe. Ongeza saa moja na kivuli kimefika karibu mita tatu na nusu. Mti wa mita nane wakati huo unatupa kivuli cha karibu mita kumi na nne. Ndiyo sababu sioni haja ya kuubana mti ukutani. Ukiwa mita sita kutoka kwenye ukuta, saa unayouhitaji kivuli kitakuwa kimeshafika na kupanda hadi ukingo wa paa.

Kuna jambo moja ambalo wauza miche hawalisemi. Kwa sababu jua linahama kaskazini na kusini, kivuli cha saa kumi na nusu nacho kinahama. Mwezi wa sita, kwa kila mita mbili za umbali kati ya mti na ukuta, kivuli kinasogea karibu mita moja kuelekea kusini. Mwezi wa kumi na mbili kinasogea hivyo hivyo kuelekea kaskazini. Mti mwembamba kama ashoki, ambao siku hizi unapangwa kwenye kila ua, utakikosa kile kidirisha unachotaka kukilinda kwa karibu nusu ya mwaka. Tunachohitaji ni mti unaotanda, tena utande kwa upana.

Kwangu mimi, mti unaotanda kuliko yote ni ule ambao Wajaluo huuita ober. Wataalamu huuita Albizia coriaria. Kwa mama mkwe, Ugenya, uko mmoja ambao matawi yake yanafunika uwanja mzima wa mbele. Majani ya ober ni madogo madogo, hivyo mwanga hupenya kidogo na nyasi huendelea kuota chini yake. Wakulima wengi wa huku wanapofyeka shamba huuacha ukasimama na kupanda mazao pembeni yake. Mwenye boma la shambani, asitafute mti wa kigeni. Apande ober, aupe nafasi, wajukuu watakaa chini yake.

Lakini ploti yangu ni futi hamsini kwa mia. Kwa mita ni kama kumi na tano kwa thelathini, na ober ukikomaa unaweza kumaliza upana wote huo na kuingia kwa jirani wa pande zote mbili. Nilihuzunika kuuacha.

Ploti yetu imenyooka mashariki hadi magharibi, geti liko mashariki, na tangi la maji taka pia liko upande wa geti. Nyuma ya nyumba, magharibi, ilibaki nafasi nzuri. Nikapanda miti miwili badala ya mmoja. Kaskazini-magharibi niliweka ule mti wa ngazi ngazi ambao wauza miche wa barabara ya Kakamega huuita ambrela, Terminalia mantaly, wenye asili ya Madagaska. Unakua haraka na matawi yake yanalala kwa tabaka, upepo unapita katikati. Kusini-magharibi niliweka mwembe uliopandikizwa, wa aina inayotanda bila kurefuka sana. Huo nauona ndio uamuzi bora kuliko yote niliyofanya kwenye ploti hii. Miezi ya joto kali na ukavu kwetu ni wa kwanza na wa pili, na wakati huo jua la alasiri linatoka upande wa kusini-magharibi. Mwembe haupukutishi majani yote kwa mpigo. Kivuli chake ni kizito mwaka mzima. Mahali penye jua kali kuliko pote pamepata kivuli kizito kuliko vyote.

Mkrismasi, ule wa maua mekundu, ni mzuri mno na unatanda kama mwavuli. Uuone kwenye uwanja wa shule au wa kanisa. Mizizi yake iko juu juu, ina nguvu, na inainua sakafu na njia za saruji. Ng'owo, yaani mkuyu, nauheshimu, ila usiuweke popote karibu na bomba au tangi la maji taka, kwa sababu mizizi yake itayafuata maji hadi ndani. Siala (Markhamia lutea), ambao kwetu Vihiga tunauita lusiola, unakwenda juu wima. Huo ni wa mbao na wa mpakani. Kalitusi si mti wa kivuli hata kidogo.

Mizizi mingi inayolisha mti haizami sana. Iko ndani ya nusu mita ya juu ya udongo, na inasambaa kupita ncha za matawi. Kwa wanaojenga kwenye ule udongo mweusi kuanzia Nyamasaria hadi Ahero, hili ni zito zaidi. Udongo ule unavimba ukinyeshewa na kusinyaa ukikauka. Mti mkubwa ulio karibu na msingi unanyonya maji ya chini wakati wa kiangazi, udongo unasinyaa zaidi upande mmoja, na ukuta unapasuka. Huko mita sita hazitoshi; msingi ukae mbali na mti kwa umbali usiopungua urefu utakaofikiwa na mti wenyewe. Na tazama juu pia. Pakiwa na nyaya za stima juu ya shimo, chagua mahali pengine, maana mti utakaokatwa kichwa kila mwaka hautatanda vizuri.

Upepo ulinisumbua akili kwa muda. Mchana upepo hutoka ziwani, na kwetu unaingia kwa upande ule ule wa miti. Sikutaka kuzuia jua na upepo kwa pamoja. Kwa hiyo matawi ya chini nimeyaondoa kidogo kidogo, mwaka hadi mwaka, mpaka shina likawa tupu kwa mita mbili na nusu. Upepo unapita chini. Jua la saa kumi na mbili kasoro ishirini limebaki nyuzi kama 15 tu juu ya upeo wa macho, na kwa umbali wa mita sita kivuli bado kinashuka hadi chini ya dirisha. Ukiyapandisha matawi hadi mita nne, jua hilo la mwisho litaingia lote chumbani.

Nilikozaliwa, wapo wazee walioshikilia kwamba mwanamke hapandi mti, eti atamletea mumewe kifo. Nyuma ya katazo hilo kulikuwa na suala la ardhi: anayepanda mti anadai mahali. Miti hii nimeipanda kwa mikono yangu, mume wangu akiwa ameshika mche huku mimi nikirudishia udongo, na ningependa wasichana ninaowafundisha wajue hivyo.

Kuhusu kupanda kwenyewe sina mengi. Mvua za mwezi wa tatu zikishika vizuri, chimba shimo la futi mbili kila upande, changanya udongo wa juu na samadi iliyooza, ondoa karatasi yote iliyobeba mche, na mizizi iliyojizungusha uikate kwa kisu kikali. Shingo ya mche ibaki juu ya udongo, isifukiwe. Matandazo ya majani makavu yaache nafasi ya kiganja kuzunguka shina, la sivyo litaoza, nao mchwa watapata mahali pa kujificha. Zungushia ua wa miiba kwa ajili ya mbuzi.

Miche mingi huwa haifi kwa sababu ya kupandwa vibaya. Hufa Januari inayofuata, mvua ndogo zikiisha na watu wakidhani imeshajitegemea. Kiangazi cha kwanza na cha pili, upe kila mti mtungi mzima wa lita ishirini mara mbili kwa wiki, jioni, polepole, ukianzia mbali kidogo na shina ambako mizizi inaelekea. Maji ya kusuuzia nguo yanafaa, bora yasiwe na sabuni nyingi.